Unataka kuandika komedi? Anza na kisa kinachomuudhi baba yako

Skripti yangu ya kwanza ya komedi ilirudi na maneno mawili ya kalamu nyekundu: "Tucheke wapi?" Kurasa 22 hizo, kila mhusika na utani wake mdomoni. Nilinuna wiki nzima. Kumbe ugonjwa ulikuwa hapohapo: wote walikuwa wachekeshaji, hakuna hata mmoja aliyedaiwa kodi ya nyumba.

Aliyenitoa tongotongo ni marehemu John Sullivan, Mwingereza aliyeandika Only Fools and Horses, komedi ya televisheni ya BBC kuhusu wachuuzi wawili ndugu wa London, Del na Rodney. Mtoto wa fundi bomba wa Balham, kusini mwa London, aliyeacha shule na miaka 15. Alituma miswada BBC, ikakataliwa. Basi mwaka 1974 akaingia BBC kwa mlango wa nyuma: kazi ya kubeba na kupanga vifaa vya studio. Humo ndani akamfuata mtayarishaji Dennis Main Wilson kwenye baa ya wafanyakazi, akajitambulisha. Akaanza na vipande vifupi vya The Two Ronnies, kipindi cha vichekesho cha BBC, na mwaka 1977 Citizen Smith, komedi yake mwenyewe, ikawa hewani. Kwa hiyo ukiniuliza utume wapi skripti yako, nitakujibu: kabebe viti kwanza. Mimi nilikunja nyaya na kuchemsha chai miezi mitatu, na huko ndiko nilikojua kwamba mwigizaji akiwa na sentensi ndefu kuliko pumzi yake, utani umekufa.

Lakini ninachompendea zaidi ni masikio yake. Kuna kipindi cha Only Fools and Horses cha 1982 ambapo Del na Rodney wamepanda ngazi, wametandaza shuka chini ya taa kubwa ya vioo, wanaisubiri. Babu yao yuko juu anafungua skrubu. Inayoanguka ni taa nyingine kabisa. Kisa hicho Sullivan alikisikia kwa baba yake, tena mzee hakukiona cha kuchekesha: watu walifukuzwa kazi.

Vivyo hivyo kwa Del kuanguka baa. Sullivan alimwona mtu akitaka kuegemea kaunta, kumbe ile mbao ya kupitia imeinuliwa, pako wazi. Yule aliwahi kujishika. Kwenye televisheni, David Jason, anayeigiza Del, anaanguka mzimamzima bila hata kutazama pembeni, na rafiki yake Trigger akigeuka anakuta hewa. Rudia kipande hicho umwangalie Trigger, siyo Del. Kicheko kiko kwake.

Baba yangu alikuwa utingo wa basi la Tanga. Siku moja abiria walishuka kuchimba dawa, naye akashuka. Dereva akaondoka bila kuhesabu watu. Nauli zote za basi zima ziko mfukoni mwa mzee, na mzee yuko kichakani, mkanda mkononi.

Juzi nilimpigia anisimulie tena, nikiandika. Alipofika kwenye mkanda nikashindwa kujizuia. Akakata simu.