Skripti ya jeshi ianzie kwenye cheo

SWALI: Nimeandika skripti ya kurasa 96 kuhusu kambi ya jeshi. Mapigano yamejaa, lakini kila aliyeisoma anasema wahusika hawatofautiani. Sijawahi kuwa askari. Nimekosea wapi? Na sare nitazipata vipi? – Msomaji, Morogoro

JIBU: Ndugu msomaji, mapigano ndiyo yaliyokuponza. Ukurasa mmoja wa skripti ni takriban dakika moja ya filamu, kwa hiyo kurasa 10 za risasi ni dakika 10 ambazo hatumjui mtu yeyote zaidi ya tulivyomjua. Askari tunamjua kwa anayempigia saluti, anayempa amri, na amri inayomkwama kooni.

Mtazame Charles Fuller, Mmarekani Mweusi aliyetumikia jeshi la nchi yake kuanzia 1959 hadi 1962. Tamthilia yake ilipata tuzo ya Pulitzer mwaka 1982, kisha akaiandikia mwenyewe skripti ya filamu A Soldier's Story (1984). Ni mwaka 1944, dunia iko vitani, lakini kisa kimebaki kambini Louisiana, jimbo la Marekani: sajenti Mweusi ameuawa, na anayetumwa kuchunguza ni kapteni Mweusi. Pale kambini anamkuta kapteni Mzungu. Cheo ni kimoja, ila jamii iliyowalea haikubali usawa huo, na jeshi lenyewe bado linatenga vikosi kwa rangi. Wakikaa wawili hao chumbani, mvutano upo tayari.

Basi chora ngazi ya vyeo kwanza. Kwa Jeshi la Wananchi wa Tanzania (JWTZ) ni praiveti, koplo usu, koplo, sajenti, sajinitaji, maafisa wateule wa madaraja mawili, halafu luteni usu, luteni, kapteni, meja na kuendelea. Kando ya kila mhusika andika anamwogopa nani, anamkingia kifua nani, na nani anamsubiri nyumbani. Kosa la kawaida ni luteni wa miaka 24 kumfokea sajinitaji wa miaka 45 kama kuruta. Cheo kinamruhusu, lakini anayewajua askari mmoja mmoja ni yule mkubwa kwa umri, na luteni mwenye busara humsikiliza. Hapo ndipo penye kisa chako.

Mtafute mstaafu akueleze siku moja ya kambini, tangu kuamka hadi lindo la usiku. Mambo ya silaha na mipango ya kikosi usiyaulize, skripti haiyahitaji. "Afande" isirudiwe kila sentensi, na "mguu sawa" ibaki kwenye gwaride.

Sare usishone kienyeji hata kidogo. Raia kuzivaa bila idhini ni kosa, na mwaka 2023 JWTZ ilitoa siku 7 kwa raia kusalimisha sare na nguo zinazofanana nazo. Kibali cha Bodi ya Filamu kiombwe mapema, na idhini ya jeshi iwe mkononi kabla ya kumvika mwigizaji yeyote. Hata uandishi uzingatie hilo: gwaride la watu 30 ni sare 30. Askari aliye likizo, amekaa barazani na msuli wake huku baba mkwe akimuuliza alikokuwa, hahitaji hata moja.