Re: Filamu za Anne of Green Gables, nianze na ipi? Niliyoona ina vita, kitabuni haimo

Salaam mkuu. Umesema binti yako amemaliza riwaya ya L. M. Montgomery, mkaweka filamu mkakuta Anne na Gilbert wako vitani Ulaya. Mmeanza na ya tatu. Hiyo ni ya mwaka 2000, na kisa chake kilitungwa upya. Katika vitabu, wanaokwenda Vita Kuu ya Kwanza ni watoto wao.

Anzeni na ya 1985, Megan Follows akiwa Anne na Colleen Dewhurst akiwa Marilla, mlezi wake. Ina sehemu mbili, jumla zaidi ya saa 3, kwa hiyo igaweni siku mbili. Ikiisha kwa saa moja na nusu, hapo mna sehemu ya kwanza tu. Tafuta ya pili. Kisha mfuate ya 1987, inayochanganya kitabu cha pili, cha tatu na cha nne.

Angalia waigizaji kwanza, maana majina yanafanana. Ukikuta Amybeth McNulty, hiyo ni tamthilia ya 2017 hadi 2019, vipindi 27, nzuri lakini nzito mno kwa mtoto mdogo.

Mwandae binti kwa kifo cha Matthew, kaka yake Marilla. Kitabuni anaanguka mlangoni akiwa na gazeti lenye habari za benki kufilisika. Katika ya 1985 anaanguka malishoni, Anne akiwa naye. Inauma zaidi, na kwangu hilo ndilo badiliko bora kuliko yote waliyofanya.