Barua kwa mwanangu Hulda, aliyeambiwa kwamba jina lake ni panya

Mwanangu Hulda, mama yangu,

Ujumbe wako nimeusoma. Unasema mwenzako mmoja kazini, mzaliwa wa Haifa, Israeli, aliliona jina lako kwenye kitambulisho akaguna, na ulipombana aseme, akakwambia kwamba kwao hulda ni panya, tena yule mkubwa wa kwenye mitaro. Kisha ukaniuliza mambo mawili: wakati mnanipa jina hili mlijua? Na je, mtakasirika nikianza kujiita Neema, jina langu la pili?

Mama yako hakujua, na hata angejua asingesema kitu, kwa sababu lilikuwa jina la mkwewe, bibi yako. Mimi nilijua. Nilikuwa nimeshasoma Kiebrania katika chuo cha theolojia cha Makumira na kamusi ilikuwa mezani kwangu. Ila nilichokijua mimi si hicho alichokwambia huyo kijana, ingawa naye hakukudanganya.

Ukifungua kamusi ya Kiebrania cha leo utamkuta panya. Lakini Kiebrania cha leo ni lugha iliyofufuliwa kuanzia mwishoni mwa karne ya 19, na walioifufua walikuwa na maneno mengi ya kale yanayosubiri kazi, wakayagawa kadiri walivyoona inafaa. Neno la kale la mnyama huyo linaonekana mara moja tu katika Torati, kwenye orodha ya viumbe najisi ya Walawi 11:29. Biblia yetu inamwita kicheche. (Najua mitaani kwetu neno hilo nalo limechafuliwa, usinikumbushe.) Panya anatajwa papo hapo baada yake, kwa neno jingine kabisa, akhbar. Kwa mtu wa Yerusalemu ya kale, basi, hao walikuwa wanyama wawili, na mmoja alikuwa akimwinda mwenzake. Wapo wataalamu wanaodhani alikuwa fuko, yule mchimbaji wa mashambani, lakini wafasiri wengi tangu zamani wamebaki kwenye kicheche au mnyama wa ukoo wake.

Wala hakuwa mnyama wa porini tu. Katika Mishna, mkusanyo wa sheria za Kiyahudi uliokamilika karibu mwaka 200 baada ya Kristo, hulda anazungukazunguka majumbani. Kabla ya Pasaka chachu yote hutolewa nyumbani, na walimu wanasema mtu asijisumbue kuwaza kwamba labda hulda ameburura kipande cha mkate kutoka kwa jirani, kwa sababu ukianza hofu hiyo itabidi uende nyumba hadi nyumba, ua hadi ua, mji hadi mji, na haina mwisho. Baadaye katika Talmudi, mkusanyo wa mijadala ya walimu juu ya Mishna, wanabishana kama mnyama huyo hujiwekea akiba siku hiyo, maana kesho yake mkate hautakuwapo. Mwalimu mmoja anahoji kwa kebehi: kwani hulda ni nabii, ajue kwamba leo watu hawaoki? Nilipokutana na utani huo kwa mara ya kwanza nilicheka peke yangu maktaba. Ameuchomeka makusudi, kwa sababu nabii Hulda alikuwapo kweli, na kila aliyekuwa akimsikiliza alimjua.

Kabla sijafika kwake, uone kwamba watu wale hawakuona haya kumpa mtoto jina la mnyama. Debora ni nyuki. Raheli ni kondoo jike. Yaeli ni mbuzi wa milimani, Sipora ni ndege, Yona ni njiwa. Hao wamependeza, utasema. Haya, Egla, mke wa Daudi, ni ndama. Hamori, baba yake Shekemu, ni punda. Tola aliyekuwa mwamuzi wa Israeli ni funza, na Paroshi, ambaye uzao wake unaongoza orodha ya waliorudi kutoka Babeli katika Ezra 2, ni kiroboto. Hakuna hata mmoja wao anayesimuliwa kuwa alichekwa.

Sasa twende mwaka 622 kabla ya Kristo, mwaka wa 18 wa Mfalme Yosia, aliyeketi kwenye kiti akiwa mtoto wa miaka 8. Hekalu linakarabatiwa, na Hilkia kuhani mkuu anakuta humo kitabu cha torati. Anampa Shafani mwandishi, Shafani anakwenda kumsomea mfalme, na mfalme anayararua mavazi yake, kwa sababu kitabu kinataja adhabu ambazo taifa lake limezistahili. Anaagiza watu wakamuulize Bwana. Yeremia alikuwa ameshaanza kuhubiri miaka 5 nyuma, tangu mwaka wa 13 wa mfalme huyohuyo. Sefania naye ni wa enzi hizo. Hawakuendewa hao. Ujumbe ulikwenda kwa Hulda, mke wa Shalumu mtunza mavazi, aliyekaa Yerusalemu katika mtaa wa pili.

Tazama waliotumwa: Hilkia, Ahikamu, Akbori, Shafani na Asaya. Akbori ni panya, kutokana na lile neno akhbar nililokutajia. Shafani ni wibari, yule tunayemwita pimbi, anayeota jua juu ya mawe. Yaani Pimbi na Panya, maofisa wa ikulu, wanakwenda na kuhani mkuu kubisha hodi kwa Kicheche kuuliza nchi itakuwaje. Mwandishi wa 2 Wafalme 22 hacheki wala haelezi. Yalikuwa majina ya watu wazito. Shafani unaweza hata kumshika kwa mkono, maana katika uchimbaji wa Mji wa Daudi, sehemu ya kale ya Yerusalemu, uliofanywa miaka ya 1980 ulipatikana muhuri wa udongo wa Gemaria mwana wa Shafani, na mtu wa jina hilo tunamsoma katika Yeremia 36. Mtoto wa Akbori, Elnathani, yumo sura hiyohiyo, akimsihi mfalme mwingine asiichome gombo ya Yeremia. Lakini ukisoma habari ileile ya Hulda katika 2 Mambo ya Nyakati 34, Akbori hayupo, mahali pake amekaa Abdoni. Sijui kama panya alimkera mtu. Mimi nakuonyesha tu kwamba Hulda hakuguswa.

Huo mtaa wa pili nao una habari zake. Mji ulipanuka kuelekea kilima cha magharibi, na katika miaka ya 1970 mwanaakiolojia Nahman Avigad alifukua huko ukuta wenye unene wa kama mita 7, ambao wengi wanauhesabu kuwa wa enzi za Mfalme Hezekia. Targumi, ile tafsiri ya kale ya Kiaramu, haisemi mtaa wa pili. Inasema Hulda alikaa katika nyumba ya mafundisho. Ndiyo maana Wayahudi wengi wamemkumbuka kama mwalimu, na malango ya kusini ya mlima wa Hekalu yanaitwa malango ya Hulda ndani ya Mishna yenyewe. Yapo mpaka leo, yamezibwa kwa mawe. Wengine wanasema yaliitwa hivyo kwa sababu watu waliingilia kwenye njia za chini ya ardhi, kama fuko. Unaona mnyama anavyomfuata mwenye jina.

Jibu lake ndilo linalonifanya nisilionee haya jina hili. Hakuitwa ikulu, walimfuata kwake. Walipofika alianza kwa kusema: mwambieni mtu yule aliyewatuma kwangu. Mtu, si mfalme. Kisha akathibitisha kwamba maneno ya kitabu ni ya kweli na mabaya yatakuja, ila Yosia, kwa kuwa moyo wake ulikuwa mwororo, hatayaona, atakusanywa kaburini kwake kwa amani. Yosia akafanya matengenezo makubwa kuliko mfalme yeyote kabla yake, kwa neno la mwanamke huyo. Katika Biblia yote simkumbuki mtu mwingine kabla yake aliyewekewa maandishi mbele yake akaulizwa, hili ni neno la Mungu au siyo?

Hapo mtu mwenye macho makali kama wewe ataniuliza: mbona Yosia aliuawa vitani Megido, mwaka 609, na Farao Neko? Amani iko wapi? Swali hilo limesumbua wengi. Wengine wanasema amani ni kwamba alizikwa kwenye kaburi lake na hakuuona mji ukiteketea mwaka 586. Mimi hunivutia zaidi hoja ya wale wanaosema kwamba kutopatana huko ndiko kunakoonyesha ukale wa maneno hayo: mtu anayetunga unabii baada ya tukio hawezi kuandika amani kwa mfalme aliyerudishwa amekufa ndani ya gari la vita.

Jina lilianza kusemwa vibaya baadaye sana. Katika Talmudi ya Babeli, Megila 14b, Rabi Nahman anasema majivuno hayawapendezi wanawake, kisha anawataja wawili wenye majivuno ambao majina yao, kwa maoni yake, yanachukiza: mmoja nyigu, mwingine kicheche. Nyigu ni Debora, kosa lake ni kumwita jemadari Baraka aje kwake badala ya yeye kumwendea. Kicheche ni Hulda, kosa lake ni lile neno "mtu". Angalia mwenyewe. Pimbi na Panya hawakusumbuliwa na mtu. Majina ya wanyama yalionekana mabaya kwa wale wawili tu waliomwagiza jemadari na waliomjibu mfalme bila kuinama. Haki niitende pia: kurasa hizohizo zinamhesabu Hulda kati ya manabii wa kike saba, pamoja na Sara, Miriamu, Debora, Hana, Abigaili na Esta, na zinatoa jibu kwa nini Yosia alimwacha Yeremia: wanawake wana huruma zaidi. Jibu hilo silipendi sana, kwa sababu alichotoa Hulda siku ile hakikuwa huruma.

Ipo pia njia ya kumkwepa mnyama, na utaikuta ukitafuta. Herufi zilezile tatu za mzizi wa jina lako kwa Kiebrania zinaunda neno heled, ambalo katika Zaburi ni muda wa maisha au ulimwengu, na kwa Kiarabu zinafanana na zile za Khalid, mwenye kudumu. Kwa hiyo wapo wanaosema Hulda ni yule adumuye. Ni maelezo mazuri, na ukiona yanakufaa mbele ya wenzako, yatumie. Mimi nabaki na kicheche.

Kuhusu bibi yako. Wamisionari wa Leipzig walifika Machame mwaka 1893, na huko kwao Hulda lilikuwa jina la wasichana wengi katika karne ya 19, Ujerumani na Skandinavia pia. Lakini huko lina mizizi mingine iliyochanganyika na hii: kwa Kijerumani liko karibu na neno la fadhila, na kwa watu wa kaskazini liko karibu na neno la kilichofichika, ambapo kuna masimulizi ya mwanamke wa msituni mzuri wa sura mwenye mkia wa ng'ombe. Kwa hiyo hata ukimkimbia mnyama Yerusalemu, atakupokea Norway. Kama bibi alilipata kwa mke wa mmisionari au kwenye Biblia sikupata kumsikia akisema. Sababu aliyonipa ni fupi: kwenye darasa la ubatizo kulikuwa na akina Maria wengi mno.

Na hata huyo kijana akishikilia panya wake, mwambie nchi uliyotoka inawajua panya vizuri. Magawa, panya buku aliyezaliwa na kufundishwa Morogoro, alikwenda Kambodia akanusa mabomu ya ardhini 71, na mwaka 2020 Waingereza wakamvisha nishani ya dhahabu. Huo ni utani wa baba, usiutumie kwenye mkutano.

Sasa Neema. Hatutakasirika. Tulikupa majina mawili ili uwe nayo yote mawili, na ukitaka Neema liandikwe kwenye kitambulisho cha kazini, waambie waandike. Ninachokuomba ni kimoja, pasipoti na vyeti usiviguse. Kubadili jina kisheria ni kuapa kwa wakili na kusajili hati, halafu uanze kuwaeleza chuo, benki na ubalozi kwamba Hulda na wewe ni mtu mmoja, na wewe kwa foleni nakujua. Pia shangazi yako atapiga simu, na atakayepigiwa ni mimi.

Huyo mwenzako muulize swali moja kwa niaba yangu. Sisi tunatamka Hulda kwa h nyepesi na mkazo mwanzoni. Kwao inaanza na kh, kama kheri anavyoitamka mtu wa Tanga, na mkazo unakwenda mwisho: khul-DA. Nataka kujua kama kwenye ukoo wao, kwa bibi zake, kuna mwanamke yeyote aliyewahi kuitwa hivyo. Akisema yupo, mwombe akusimulie alikuwa mtu wa namna gani, uniandikie.

Mama yako anakusalimu. Anasema ile dawa ya kikohozi ameshaipeleka kwa anayesafiri Jumamosi.

Baba yako