Pauni 1,000 za Alf Common hazikuingia mfukoni mwake

Ndugu yangu, umeuliza kama uandike kwenye makala yako kwamba mwanasoka Alf Common alitajirika klabu ya Middlesbrough ilipomnunua kutoka Sunderland kwa pauni 1,000, Februari 1905. Usiandike hivyo. Fedha ile ilikwenda kwa klabu. Tangu 1901 mshahara wa mchezaji Uingereza ulikuwa na kikomo: pauni 4 kwa wiki, uwe nyota usiwe nyota. Hilo linaniuma mpaka leo.

Ningekuwa wewe, ningeanza na mechi yake ya kwanza akiwa Middlesbrough, ugenini kwa Sheffield United, klabu aliyotwaa nayo Kombe la FA 1902. Alifunga penalti, wakashinda 1-0, na mwisho wa msimu Middlesbrough ikanusurika kushuka daraja. Arsenal na Preston, klabu alizochezea baadaye, zitakutosha mistari miwili.