Mtayarishaji wa kipindi cha burudani mseto hufanya nini hasa?

Mkuu, umeuliza kazi yake ni ipi kama haonekani kwenye skrini. Mtazame Lorne Michaels, mtayarishaji wa Saturday Night Live, kipindi cha vichekesho alichokianzisha kwenye televisheni ya Marekani ya NBC, New York, mwaka 1975. Jumatatu mawazo, Jumanne waandishi wanakesha, Jumatano wanasoma vichekesho takriban 40 mezani.

Kasheshe ni Jumamosi. Saa 2 usiku wanafanya mazoezi kamili mbele ya watazamaji, na kwa makusudi mazoezi hayo ni marefu kuliko kipindi chenyewe. Kisichochekesha anakikata, kadi zinazoonyesha mpangilio wa vichekesho anazipanga upya, na saa 5:30 wako hewani. Hapo wengi huchemka: ukipanga vichekesho viwili vya mwigizaji yuleyule vifuatane, hatapata muda wa kubadili nguo wala wigi. Katikati chomeka matangazo au bendi.