Kabla Hujachora Fremu 240, Andika Mazungumzo

Miezi minne nilikuwa nachora mwanamke anatembea, kwa ajili ya gemu yangu. Sekunde kumi tu, fremu 24 kila sekunde, jumla michoro 240, kwenye chumba changu cha kupanga Sinza huku feni ikizungusha joto lile lile. Kanga inacheza, nywele zinapepea. Rafiki yangu alipokuja kuijaribu gemu, alisema "kali," kisha akakandamiza kitufe cha kuruka mpaka mwisho. Iliniuma. Lakini nilipoyasoma upya yale mazungumzo ya wahusika, hayakuwa na kitu.

Wengi tunaotengeneza riwaya za picha za watu wazima, zile gemu za kusoma na kuchagua, tunadhani utu uzima ni mwili. Mtu mzima ana kodi ya miezi sita mbele yake, ana mtalaka, ana mama anayepiga simu usiku kutoka Tanga. Hayo ndiyo yanayofanya faragha ya wawili iwe na uzito. Na kuridhiana kwao kuonekane, kusibaki kudhaniwa.

Basi nikafuta karibu kila kitu, nikaandika tukio moja. Mtu na mkewe waliotengana wanakutana kwenye banda la chipsi Mwenge, saa tatu usiku. Mwanamke anamsogezea kachumbari isiyo na pilipili kabla hajaomba. Mchezaji achague: kushukuru au kunyamaza. Ukinyamaza, gemu inakumbuka, na baadaye sana mlango haufunguliwi. Chaguo lisilobadilisha chochote lifute tu.

Picha za wahusika ni mbili, mume na mke. Kinachocheza ni macho: wazi, nusu, yamefumba. Usiyaache yapepese kwa mpigo mmoja kama indiketa ya bodaboda. Mimi natumia Ren'Py, programu ya bure iliyopo tangu 2004, ambayo pia inatoa gemu ya Android, na huku kwetu simu ndiyo kompyuta ya wengi. Humo unapanga muda wa kila fremu. Nikaweka sekunde tatu, halafu tano, halafu mara mbili harakaharaka pale jina la mtoto wao linapotajwa.

Rafiki yangu alifika hapo, kidole kikabaki juu ya kitufe.

"Mwanangu," akaniuliza, "kwani mtoto anakaa na nani?"