Mbwa wa Baby Peggy ni Brownie, si Pete

Umesema mbwa anayecheza na katoto ka kike kwenye zile filamu za zamani zisizo na sauti ni Pete. Hapana mkuu, huyo si Pete. Pete ndiye mwenye mduara jichoni, wa lile genge la watoto kwenye filamu za vichekesho za Our Gang, naye alikuja miaka michache baadaye. Huyo aliye na katoto ka kike ni Brownie, mbwa nyota wa studio ya Century, Hollywood. Mtoto ni Baby Peggy, nyota mtoto wa filamu hizo, na walianza pamoja mwaka 1921. Hata miaka mitatu hajatimiza!

Peggy mwenyewe, alipokuwa mtu mzima akiandika vitabu kwa jina la Diana Serra Cary, alieleza jinsi alivyopatikana: alikaa kwenye kigoda, kimya, asishuke mpaka aambiwe. Mwongozaji akaona huyu anafaa kucheza na mbwa, maana wote wawili wanafuata amri. (Baba yake alikuwa cowboy wa sinema, nidhamu ya nyumbani haikuwa mchezo.) Na kwa kuwa filamu hazikuwa na sauti, mtu aliweza kuwapigia kelele za maelekezo huku kamera inazunguka.

Ila filamu zake nyingi za Century zimepotea, kwa hiyo ukikuta kipande chochote kihifadhi.